Kipara, buti na rege

Katikati ya Aprili 1969, wimbo uliokuwa ukiongoza chati ya Uingereza ulikuwa "Israelites" wa Desmond Dekker, kijana wa Jamaika aliyekuwa fundi wa kuchomelea vyuma mjini Kingston kabla hajawa mwimbaji. Waingereza wengi walionunua santuri hiyo hawakuambulia hata nusu ya maneno. Hilo halikuwasumbua vijana wa Kizungu wa mitaa ya makabwela ya London, waliokuwa wameanza kuicheza midundo hiyo kabla redio haijaichangamkia. Nywele zao zilikatwa hadi ngozi ya kichwa ikachungulia, na suruali ziliishia juu ya vifundo vya miguu ili buti zisijifiche. Magazeti yakawaita skinhedi.

Leo neno hilo likitajwa, wengi wetu humwona Mwafrika akikimbizwa usiku katika mji fulani wa Ujerumani. Picha hiyo si ya uongo. Wapo hata hivyo wakongwe wa mtindo huo wanaoapa kwamba skinhedi wa mwanzo hawakuwa na ubaguzi hata chembe, na kwamba ni siasa iliyokuja kuwaharibu. Utetezi huo una tundu, na ukichungulia tunduni utawaona watu waliotoka Nairobi, Kisumu na Kampala.

Kaka za skinhedi hao wa mwanzo walikuwa mamodi, watanashati wa mwanzoni mwa miaka ya 1960 waliomaliza mshahara kwa suti nyembamba za Kitaliano, pikipiki za Vespa na dansi za kukesha. Kufikia 1967 wenye nafasi miongoni mwao walishahamia kwenye nywele ndefu, maua na hekima ya Uhindini iliyouzwa kwa vipande. Waliobaki ni wale waliotakiwa kiwandani au bandarini Jumatatu alfajiri. Wenzao walipofuga nywele, wao wakazipunguza.

Na walikuwa na majirani wapya. Tangu meli ya Empire Windrush ilipotia nanga Tilbury mwezi Juni 1948, Wajamaika walikuwa wamepanga vyumba Brixton, Notting Hill na kwingineko ambako kodi ilikuwa nafuu. Watoto wao walisoma darasa moja na watoto wa Kizungu. Kutoka Kingston ulikuja mtindo wa wale vijana watukutu walioitwa "rudi boi": kofia ya ukingo mfupi, suruali fupi kidogo, nywele za chini zenye njia iliyochongwa kwa wembe. Mzungu wa mtaani aliutazama, akaupenda, akauchukua, pamoja na ile njia ya wembe.

Mavazi yenyewe yanastahili kusimuliwa taratibu, maana hakuna kilichovaliwa kwa bahati mbaya. Buti za Dr. Martens zilitokana na daktari wa jeshi la Ujerumani, Klaus Märtens, aliyeumia kifundo cha mguu akiteleza kwenye theluji mwaka 1945, akabuni soli yenye hewa ndani. Kampuni ya familia ya Griggs, huko Wollaston, ilinunua haki ya kuzitengeneza Uingereza na kutoa jozi ya kwanza tarehe 1 Aprili 1960. Ndiyo maana buti hiyo inaitwa 1460. Ilikuwa ya tarishi na kibarua, na bei yake ilikuwa kama pauni mbili. Juu yake ilikuja jinzi ya Levi's, na mikanda ya mabegani kama ile ya babu zao. Shati lilikuwa la Ben Sherman, lenye ukosi wa vifungo, au fulana ya Fred Perry, yule bingwa wa tenisi aliyezaliwa katika familia ya mfanyakazi na kuchukua Wimbledon mara tatu mfululizo, 1934 hadi 1936. Kila kitu kilipigwa pasi, na buti zikang'arishwa. Aliyewaita wachafu hakuwatazama vizuri. Walikuwa wakivaa kazi za baba zao, ila katika hali ya usafi ambayo baba hakuwahi kuwa nayo saa za kazi. Siku za mechi polisi waliziogopa buti hizo kiasi cha kuwavua watu kamba za viatu mlangoni mwa uwanja.

Usiku walikutana na Wajamaika katika kumbi kama Ram Jam ya Brixton, wakicheza ska, kisha roksteidi, kisha rege ya mwanzo yenye kinanda cha kurukaruka. Wanamuziki waliona soko. Symarip, bendi ya weusi watupu, ilirekodi "Skinhead Moonstomp" mahususi kwa wateja hawa, na jalada la albamu likawekwa picha ya vijana wa Kizungu wenye vipara. Santuri nyingi za aina hiyo zilitoka Trojan, kampuni iliyoanzishwa 1968 na kuchukua jina la lori ambalo mtayarishaji Duke Reid alibebea vyombo vyake vya muziki huko Jamaika. Mwasisi wake mkuu alikuwa Lee Gopthal, mhasibu kutoka Jamaika, na ofisi zilikuwa Neasden, kaskazini-magharibi mwa London.

Gopthal alikuwa Mjamaika wa asili ya Kihindi.

Nalitaja hili kwa sababu vijana walewale walionunua santuri zake walikuwa, kufikia 1969 na 1970, wakiwavizia Wahindi, Wapakistani na Wabengali njiani na kuwapiga. Walikuwa na jina la mchezo huo, tusi nisilotaka kulirudia. Sababu zao zilikuwa nyepesi: Mjamaika alisoma nao, alicheza nao na akipigwa alirudisha. Huyu mwingine alikuwa na lugha yake, kilemba chake, harufu ya jiko lake, na walidhani hatapigana.

Baadhi ya hao waliopigwa walikuwa wametoka kwetu. Kenya ilipoanza kudai vibali vya kazi kwa wasio raia mwaka 1967, maelfu ya Wahindi wenye pasipoti za Uingereza walipanda ndege. Bunge la London likapitisha kwa siku tatu, kufikia tarehe 1 Machi 1968, sheria ya kuwafungia mlango wale wasio na mzazi au babu aliyezaliwa Uingereza. Mwezi uliofuata mbunge Enoch Powell alitoa kule Birmingham hotuba yake ya "mito ya damu" dhidi ya wahamiaji, na wafanyakazi wa bandari ya London wakaandamana kumuunga mkono. Mwenzako akinyolewa, zako tia maji: mwaka 1972 Idi Amin aliwapa Wahindi wa Uganda siku 90 za kuondoka, na zaidi ya 27,000 wakaingia Uingereza. Baraza la mji wa Leicester lilikuwa limelipia tangazo katika gazeti la Uganda Argus, likiwasihi wasije. Walikuja. Wenzao wa Kenya walishajaa Southall, magharibi mwa London, na hadi leo menyu za huko zina "mogo", muhogo wetu uliopoteza silabi moja safarini, na kuku paka. Skinhedi hakuuliza kama umetoka Lahore au Kisumu.

Wimbi la kwanza lilififia kufikia 1972. Nywele zikarudi kukua. Rege nayo ilianza kuimba Urasta na Afrika, na kama alivyoandika Dick Hebdige mwaka 1979, kijana mweupe hakujiona tena ndani yake. Mtindo ulifufuka pamoja na panki, katika nchi iliyokuwa ikifunga viwanda. Januari 1982 wasio na kazi walipita milioni tatu. Chama cha kibaguzi cha National Front kilituma watu wake kwenye viwanja vya mpira na vijarida mkononi. Coventry ilijibu kwa muziki: mwaka 1979 Jerry Dammers alianzisha 2 Tone, na The Specials wakapanda jukwaani weusi kwa weupe, ndani ya suti za rudi boi. Ukumbini vipara walicheza. Wengine wakainua mkono wa Kinazi mbele ya mpiga gitaa mweusi, wakisubiri ska iendelee.

Ijumaa tarehe 3 Julai 1981, mabasi yalishusha skinhedi kutoka mashariki mwa London hadi Southall kwa onyesho la bendi tatu katika baa ya Hambrough Tavern. Wengine walivunja vioo vya maduka ya Wahindi njiani. Hesabu ya kwamba huyu hatapigana iliwashinda usiku huo: vijana wa Southall walikusanyika kwa mamia, polisi wakajipanga katikati, na baa ikateketea. Wiki moja baadaye "Ghost Town" ya The Specials ilikuwa namba moja, huku miji mingine ikiwaka kwa sababu zake.

Mwaka 1987, mjini New York, skinhedi waliochoshwa na Wanazi waliovaa kama wao walianzisha SHARP, kundi la wenye vipara wanaopinga ubaguzi. Roddy Moreno, mwimbaji wa Cardiff, alilipeleka Uingereza na kulipatia beji. Alichora kofia ya chuma ya askari wa kale, akiitoa kwenye nembo ya Trojan, ile iliyokuwa katikati ya santuri za Gopthal.