Keya wa Milimani na Visiwa vya Wenyewe

Kiriaini ni matuta na majani chai tu. Bahari iko zaidi ya kilomita 400. Lakini zamu ya kulinda visiwa vya mbali ilipofika, vijana wa upande huu wa Murang'a na Nyeri hawakusazwa.

Katika Vita vya Pili vya Dunia, Singapore ya Waingereza iliangukia mikononi mwa Wajapani Februari 1942. Tarehe 5 Aprili, Jumapili ya Pasaka, ndege za Wajapani zikaishambulia Colombo, kisiwani Ceylon, Sri Lanka ya leo. Siku nne baadaye ikawa zamu ya Trincomalee, bandari nyingine ya Ceylon, na Hermes, meli ya Waingereza ya kubeba ndege, ikazamishwa. Manowari za Uingereza zikarudi nyuma hadi Kilindini, Mombasa.

Zilikuwa na maficho mengine: Addu, visiwa vya matumbawe na minazi kusini kabisa mwa Maldivi. Royal Marines, askari wa nchi kavu wa jeshi la majini, walijenga kituo hapo kwa siri na kuelekeza mizinga yao baharini. Wakati huo Wajapani hawakukijua. Adui aliyewaangusha askari hao alikuwa homa.

Ceylon yenyewe ililindwa pia na Waafrika. Brigedi ya 21 ya Afrika Mashariki ilipelekwa huko mapema, na Keya wengine, yaani askari wa King's African Rifles (KAR), wakafuata. Wakikuyu wengi hawakupewa bunduki. Waingereza waliwaona watu wa usukani, kalamu na sururu. Waruhiu Itote wa Nyeri, aliyejiunga Januari 1942, alipewa. Keya wakasubiri uvamizi ambao haukuja, kisha wakapelekwa vitani Bama (Burma, Myanmar ya leo).

Bahari nayo iliua. Tarehe 12 Februari 1944, meli Khedive Ismail, iliyotoka Mombasa kwenda Colombo, ilipigwa torpedo na nyambizi ya Wajapani karibu na Maldivi. Ilizama kwa muda usiozidi dakika tatu. Walikufa watu wapatao 1,300, wengi wao wapiga mizinga wa Afrika Mashariki. Msiba mkubwa hivyo, na vitabu vyetu vya shule huupita kimya!

Itote aliandika baadaye kwamba askari mmoja Mwingereza alimwuliza anapigania nini. Swali lilikuwa halali: kisiwa si chake, mfalme si wake, na kwao ardhi nzuri ilikuwa ya walowezi. Mwaka 1952 aliingia msitu wa Mlima Kenya kwa jina la Jenerali China, akawapanga wapiganaji wake wa Mau Mau kwa utaratibu aliofunzwa na Keya. Alikamatwa Januari 1954, ana jeraha la risasi shingoni.