Mazoezi ya snuka

Mazoezi ya snuka ni mapigo yaliyopangwa ambayo mchezaji huyarudia peke yake ili kunyoosha mkono, kulenga vizuri na kuutawala mpira mweupe. Mchezo wenyewe ulianza India mwaka 1875, miongoni mwa maofisa wa jeshi la Uingereza. Meza kamili ina urefu wa futi 12 na upana wa futi 6.

Zoezi la msingi ni la mstari wa katikati, nalo wengi hulikimbia kwa kuwa halina mpira wa kutumbukiza. Mweupe huwekwa kwenye alama ya mpira wa kahawia, hupigwa upite juu ya alama za bluu, pinki na nyeusi hadi ukingo wa mbali, na unapaswa kurudi kwenye ncha ya fimbo. Ukirudi kando, mara nyingi fimbo imeugusa pembeni na kuuzungusha bila mchezaji kujua. Kipimo hiki hakidanganyi. Kitangulie mengine yote.

Katika zoezi la safu, myekundu 15 hupangwa mstari mmoja, kisha hutumbukizwa mwekundu na wa rangi kwa zamu. Ukichagua mweusi kila mara na kumaliza meza, unapata pointi 147. Rangi sita pekee, njano hadi nyeusi, zina pointi 27.

Mchezaji wa mjini Kindu, Kongo, mwenye meza ndogo tu ya biliadi anaweza kuchora mstari wa katikati kwa chaki, na kupanga safu ya mipira sita au saba.