Kicheko Kisichoandikwa: Ucheshi wa Mawakili na Mahakimu katika Majalada ya Kesi, Kibondo na Kasulu

Mtafiti wa lugha anayetafuta ucheshi wa wakili na hakimu katika majalada ya kesi za nyanda za juu za Kigoma, ziwe zimeanzia Busunzu wilayani Kibondo au Kasulu, asitarajie kupata mengi. Ni rahisi kuhitimisha kwamba mahakama ilikuwa mahali pasipo kicheko. Makala haya yanadai kwamba ukimya huo umetokana na taratibu za mahakama zenyewe, na kwa hiyo hauwezi kuchukuliwa kuwa ushahidi wa kutokuwapo kwa ucheshi.

Utaratibu wa kwanza unahusu nani aliruhusiwa kusema. Chini ya utawala wa Mwingereza, mashauri ya wananchi wa Buha yalisikilizwa katika mabaraza ya mwami na wasaidizi wake, na mawakili hawakuwa na nafasi humo. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 1963 iliunda mahakama za mwanzo bila kuondoa katazo hilo. Sheria ya mwaka 1984 iliyochukua nafasi yake ikaliendeleza. Mkulima wa Busunzu aliyedai shamba alijisemea mwenyewe mbele ya hakimu na wazee washauri, kwa Kiswahili, na jalada likaandikwa kwa Kiswahili. Wakili alionekana shauri lilipopanda hadi mahakama ya wilaya, kisha Mahakama Kuu, ambayo kwa miaka mingi ilifuatwa Tabora. Huko kumbukumbu kwa kawaida ziliandikwa kwa Kiingereza. Hivyo, palipokuwa na jalada la Kiswahili, wakili hakuwapo. Palipokuwa na wakili, jalada kwa kawaida halikuwa la Kiswahili.

Utaratibu wa pili ni namna ya kuandika. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Jinai ya mwaka 1985, kama ilivyo ile ya madai, inaelekeza kwamba ushahidi kwa kawaida uandikwe kwa mtindo wa masimulizi, si wa swali na jibu. Ucheshi wa mahakamani hukaa hasa katika kupokezana kauli: swali la wakili, jibu la shahidi, neno la hakimu. Masimulizi huyafuta maswali na kubakiza maelezo ya shahidi. Zaidi ya hayo, sheria hiyo ya jinai inamtaka hakimu aandike maoni yake kuhusu mwenendo wa shahidi anapohojiwa. Haimtaki aandike mwenendo wa wakili, wala wake mwenyewe.

Utaratibu wa tatu ni tafsiri. Tuchukue mfano wa kubuni. Wakili anayemwomba hakimu ajitoe katika shauri anaweza kudokeza methali ya kesi ya ngedere kupelekewa nyani. Dokezo hilo humwezesha kusema jambo zito bila kumvunjia hakimu heshima. Naye hakimu akicheka, amekiri kwamba limesikika bila kukiri kwamba ni kweli. Jalada la Kiingereza litabaki na sentensi moja tu, kwamba wakili ameomba hakimu ajitoe. Vivyo hivyo, mchezo wa maneno hakimu, hukumu na hekima, yenye mzizi mmoja wa Kiarabu, hupotea katika tafsiri. Shahidi anayezungumza Kiha huhitaji tafsiri nyingine kabla ya hiyo.

Hata hivyo, ucheshi huu usisifiwe bila tahadhari. Wakili na jaji walipotaniana kwa Kiingereza, mshtakiwa asiyekijua, ambaye uhuru wake ndio uliokuwa ukijadiliwa, aliona meno bila kujua kilichochekwa. Utani, kwa maana yake katika jamii zetu, huruhusu mtaniwa kujibu. Aliyeko kizimbani hana ruhusa hiyo.

Mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yalifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama, na mwaka huohuo mawakili wakaruhusiwa katika mahakama za mwanzo zinazoongozwa na hakimu mkazi. Sasa wakili, hakimu, mdaawa na jalada wanaweza kukutana katika lugha moja. Lakini kanuni ya masimulizi ingalipo. Kwa hiyo mwanahistoria wa Kiswahili hana budi kuketi mahakamani na kusikiliza, na kuwahoji makarani, wakalimani na wazee washauri wangali hai, kwa kuwa mengi waliyoyasikia hayamo jaladani.