Chetambe 1895: Vita Vinavyosubiri Mwandishi wa Pande Zote

Vilima vya Chetambe vimeinuka juu ya mji wa Webuye, Kaunti ya Bungoma. Mwaka 1895 Wabukusu walijihami huko ndani ya boma lenye ukuta wa udongo na handaki. Ngome yao ya Lumboka ilikuwa imekwisha kuanguka. Aliyewaandama ni Charles Hobley, afisa wa Uingereza aliyekuwa na kituo Mumias. Chanzo kilikuwa bunduki: askari wa Kisudani walitoroka nazo, zikaingia mikononi mwa Wabukusu, na kikosi kilichotumwa kuzirudisha kikauawa.

Hobley alisimulia vita hivyo katika kitabu chake cha mwaka 1929. Lakini hebu tazama jeshi lake: Wasudani, Waganda, Wamaasai, na watu wa Nabongo (mfalme) Mumia wa Wanga. Wanga na Bukusu wote ni Waluhya. Hapo ndipo penye uchungu, na ndipo wasimulizi wengi wanapopapita haraka.

Wabukusu hawakungoja vitabu. Mwaka 1947 Elijah Masinde wa Dini ya Msambwa aliwaongoza wafuasi wake hadi Chetambe kuwakumbuka waliouawa. Mwaka uliofuata serikali ilimkamata, ikampeleka uhamishoni Lamu.

Mwanahistoria Gideon Were ndiye aliyewaketisha wazee wa magharibi mwa Kenya na kuandika kauli zao, na mwaka 1967 akachapisha historia ya Waluhya. Kazi hiyo ina ugumu wake. Mzee wa Kibukusu hakutajii mwaka wa kuzaliwa, anakutajia rika. Marika ni manane: Kolongolo, Kikwameti, Kananachi, Kinyikeu, Nyange, Maina, Chuma na Sawa. Jando hufanyika miaka ya shufwa, hasa Agosti, na rika moja hurudi baada ya takriban karne nzima. Mwanahistoria asiyejua hesabu hiyo anaweza kumhamisha shujaa kwa miaka mia.

Hata hivyo, bado sijaona kitabu kinachoifuata kampeni ya 1895 hatua kwa hatua, kikiwasikiliza wa ndani ya boma na waliolivamia pia. Wajukuu wa wapiganaji wa Wanga nao waulizwe: babu zao walikwenda kwa hiari, kwa hofu ya Mumia, au kwa tamaa ya ng'ombe? Makumbusho ya Kitale, yaliyotokana na mkusanyiko wa mlowezi Stoneham na kufunguliwa mwaka 1974, yangefaa sana kuzihifadhi kanda za mahojiano hayo, za Bungoma na za Mumias, kwenye rafu moja.