Kinjeketile hadi Kitaru: nafsi iliyogawanyika katika tamthilia za Ebrahim Hussein

Mwaka 1971, miaka miwili baada ya Kinjeketile, Ebrahim Hussein alitoa tamthilia ya Mashetani. Ya kwanza husomwa kama habari ya Vita vya Majimaji, ya pili kama fumbo la ukoloni mamboleo. Usomaji huo ni wa haki, ila unaacha kiini. Tamthilia zote mbili zinamhusu mtu aliyegawanyika nafsi, na Hussein aliiweka historia ndani ya ufa huo. Kinjeketile wa historia, mganga wa Ngarambe, alinyongwa na Wajerumani huko Mohoro, Agosti 1905. Ilikuwa rahisi kumchora kama shujaa asiye na shaka. Hussein hakufanya hivyo. Kinjeketile wake, akiwa amepandwa na pepo Hongo, anawatangazia watu kwamba Wajerumani wakishashindwa, wao watakuwa watoto wa Seyyid Said, sultani wa Zanzibar. Anapokuja kuambiwa aliyoyatamka kwa kinywa chake mwenyewe, anashtuka: kumbe uhuru alioutangaza ni wa kubadilisha bwana! Sasa analazimika kujiuliza ni nani hasa aliyesema.

Katika Mashetani swali hilo linahamia kwa wasomi wa baada ya uhuru. Juma na Kitaru wanaigiza chini ya mbuyu, Juma akiwa Shetani na Kitaru akiwa Binadamu. Mchezo unakwisha, lakini kwa Kitaru haukwishi. Anaugua, na wazazi wake, watu waliopanda daraja baada ya uhuru, wanahangaika kumtafutia tiba. Juma naye ana bibi anayeishi na kumbukumbu za ukubwa uliopotea kwa Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964. Mmoja amebebeshwa kilichopatikana, mwingine kilichopotea.

Wapo watakaosema ugonjwa wa Kitaru ni ishara ya siasa tu. Ingekuwa hivyo, pambano la chini ya mbuyu lingetosha, na Hussein asingekuwa na haja ya kutuingiza nyumbani kwa mgonjwa. Wengine watalalamika kwamba tamthilia hii ni ngumu mno kwa taifa lililokuwa limetoka kupitisha Azimio la Arusha mwaka 1967. Ni ngumu kweli, lakini lugha nyepesi ingempa mtazamaji jibu kabla hajajiuliza yeye yuko upande gani. Mwalimu anayemfundisha mwanafunzi kuandika kwamba Shetani ni ukoloni mamboleo, kisha akaishia hapo, anampunja. Amuulize pia kwa nini aliyeugua ni Binadamu.