Mwigizaji Aliyerudi Nyumbani: Habari za Bibi Amandina Lihamba

Katika mazungumzo haya tunakusudia kueleza habari za mwanamke mmoja wa nchi ya Morogoro, ambaye kazi yake ilikuwa kuigiza mbele ya watu, jukwaani na katika picha za senema. Jina lake ni Bibi Amandina Lihamba. Ninyi mkaao Mabwerebwere, Kilosa na Mikumi mna haki ya kuzijua habari zake kabla ya watu wengine, kwa kuwa alizaliwa katika mkoa wenu huu huu.

Kwanza na tuulize, kuigiza ni kitu gani? Wako wadhanio kwamba ni jambo lililoletwa na wageni pamoja na vitabu na shule. Sivyo. Bibi akaaye karibu na moto jioni, akiwasimulia wajukuu habari za sungura na fisi, huigiza. Akifika penye maneno ya fisi sauti yake huwa nzito, na akifika penye maneno ya sungura huwa nyepesi na ya hila. Hali kadhalika katika ngoma za Wakaguru, Wasagara na Wavidunda, mtu huweza kuiga mwendo wa mnyama au kiburi cha tajiri, na watazamaji wakamtambua bila kuambiwa. Basi, kuigiza tulikuwa nako. Yaliyokuja baadaye ni jukwaa la mbao, mchezo ulioandikwa kitabuni, na senema.

Senema ilianza kufanyiwa majaribio makubwa katika Tanganyika kati ya mwaka 1935 na 1937. Wakati huo walikuja Waingereza wakajenga kituo chao Vugiri, katika milima ya Usambara, wakatengeneza picha zipatazo 35 za kufundisha watu habari za kilimo na afya. Sauti haikutoka katika picha yenyewe, bali katika sahani za santuri zilizopigwa pamoja nayo. Baada ya Vita Kuu ya Pili zikaja picha nyingine za Kiswahili, na katika moja, iitwayo Muhogo Mchungu, aliigiza kijana Rashidi Kawawa, ambaye mwaka 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Lakini angalieni jambo moja. Katika picha hizo Mwafrika alionekana, wala hakuwa mwenye shauri. Mambo ya kusemwa yalichaguliwa na wengine, naye akaambiwa asimame wapi na aseme nini.

Sasa na tusafiri mbali kidogo ili tupate kulinganisha. Katika nchi ya Australia, mjini Adelaide, mwaka 1897, alizaliwa mwigizaji mashuhuri Judith Anderson. Alianza kuigiza jukwaani mjini Sydney mwaka 1915, na mwaka 1918 akavuka bahari kwenda Marekani, kwa sababu huko ndiko kulikokuwa na majumba makubwa ya michezo na ya senema. Mwaka 1940 alionekana katika senema iitwayo Rebecca, na mwaka 1947 akaigiza Medea mjini New York, mchezo uliomletea sifa kuu. Alikufa Marekani mwaka 1992. Hatumlaumu. Mwigizaji ni kama mfua chuma, hufuata penye moto na mvukuto. Lakini mwendo wake unatuonyesha shida ya nchi nyingi: mtu mwenye kipawa huona kwamba nyumbani ni padogo, akaondoka, na watu wa kwao wakabaki kusikia sifa zake kwa mbali.

Bibi Lihamba alifuata njia nyingine. Alizaliwa mwaka 1944. Mwaka 1967, mwaka ule ule wa Azimio la Arusha, chuo kikuu cha Dar es Salaam kilianzisha idara ya sanaa za maonyesho, na katika idara hiyo ndipo alipofanya kazi yake kubwa ya kufundisha. Yeye naye alikwenda ng'ambo kutafuta elimu. Mwaka 1985 alipata shahada ya udaktari katika chuo kikuu cha Leeds, Uingereza, kwa kuandika juu ya siasa na michezo ya kuigiza Tanzania tangu Azimio la Arusha. Lakini elimu hiyo aliirudisha nyumbani. Katika idara ile alikuwa mwalimu, kisha mkuu wa idara, na hatimaye profesa.

Tena hakuwa peke yake. Mwenzake mkubwa katika kazi hii ni Bibi Penina Muhando, ajulikanaye pia kwa jina la Mlama, aliyezaliwa mwaka 1948 Berega, katika wilaya ya Kilosa. Huyu ndiye mwandishi wa michezo kama Hatia, Heshima Yangu, Nguzo Mama na Lina Ubani. Wanawake wawili wa mkoa mmoja wakashika kazi moja, nao wakachagua kuandika michezo yao kwa Kiswahili, ingawa walikijua sana Kiingereza. Jambo hili si dogo. Mchezo ulioandikwa kwa Kiingereza ungesifiwa na wachache chuoni. Mchezo wa Kiswahili huweza kuchezwa chini ya mwembe, na mkulima akacheka mahali panapostahili kucheka.

Mwaka 1980 ulitoka mchezo wa Bibi Lihamba uitwao Hawala ya Fedha, ambao chanzo chake ni hadithi ya Sembène Ousmane, mwandishi wa Senegal. Katika hadithi hiyo mtu maskini anapelekewa hawala ya fedha na mpwa wake aliyeko Paris. Anakwenda posta kuzichukua, anaambiwa alete hati ya kumtambulisha. Anakwenda kuitafuta hati, anaambiwa alete cheti cha kuzaliwa na picha. Kila mlango unamtuma mlango mwingine, kila mtu anataka chake, na mwisho fedha zinaliwa na wajanja. Nani miongoni mwetu asiyelijua jambo kama hili? Bibi Lihamba aliona kwamba shida ya Dakar ni shida ya Dar es Salaam pia, akaileta mbele ya macho ya Watanzania. Mwaka 1992 ukatoka mchezo wake mwingine, Mkutano wa Pili wa Ndege, ambao hata jina lake latukumbusha zile hadithi za wazee ambamo wanyama na ndege husema yale ambayo watu huogopa kuyasema.

Katika senema aliigiza mwaka 1985 katika Arusi ya Mariamu, iliyotengenezwa na Ron Mulvihill wa Marekani pamoja na Nangayoma Ng'oge wa Tanzania. Ni habari za mwanamke aliyeshikwa na maradhi ambayo dawa za hospitali hazikuyaondoa, naye akawa anawaogopa waganga wa kienyeji. Kisha mwaka 2001 ikatoka senema ndefu iitwayo Maangamizi, ya Mulvihill na Mtanzania Martin Mhando, ambaye kwa miaka mingi alifundisha katika chuo kikuu kimoja huko huko Australia. Hiyo ndiyo picha ya kwanza iliyopelekwa na Tanzania Marekani kushindania tuzo ya Oscar katika fungu la picha za lugha za kigeni.

Katika Maangamizi Bibi Lihamba ni Samehe, mwanamke aliyelazwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili, ambaye kwa miaka mingi hakusema neno. Daktari mwanamke, Mwamerika mweusi, anakuja kutoka ng'ambo na kutaka kumponya; lakini kadiri anavyomkaribia Samehe, ndivyo anavyoona kwamba yeye naye ana jeraha lake. Fikirini ugumu wa kazi hiyo. Mwigizaji wa jukwaani hutegemea sauti, maana lazima afikishe maneno hata kwa mtu aketiye nyuma kabisa. Katika senema mashine ya kupigia picha hukaribia uso, na hapo jicho likidanganya, watazamaji wote huona. Mwigizaji asiyepewa maneno hana mahali pa kujificha.

Na hapa pana jambo la kuwaza. Mwanamke aliyemwigiza bubu wa huzuni ndiye yule yule aliyejishughulisha kuwafundisha wasichana kusema. Yeye na Bibi Penina walianzisha mpango wa michezo ya kuigiza ya watoto, na katika miaka ya 1990 wakaanzisha shuleni mpango uitwao Tuseme. Njia yake ni hii. Wasichana hukaa pamoja wakataja wenyewe mambo yanayowazuia katika masomo, mathalan kazi nyingi za nyumbani, mimba, au watu wazima wanaowasumbua. Kisha huuliza sababu za mambo hayo. Kisha hutunga mchezo, wimbo au ngoma, wakaonyesha mbele ya walimu na wenzao. Mwisho hufanyika mazungumzo, na watu hushauriana la kutenda. Msichana asiyethubutu kumwambia mwalimu neno usoni huweza kulisema katika mchezo, kwa kuwa mchezo humpa ngao. Na akiisha kulisema mara moja katika mchezo, mara ya pili huweza kulisema bila ngao.

Wazee wengine husema kuigiza ni uhuni, na kwamba binti wa watu hapaswi kusimama mbele ya kadamnasi. Hofu yao si ya bure, kwa maana upo mchezo wa upuuzi kama ulivyo wimbo wa upuuzi. Lakini tupime kwa haki. Jando na unyago vilikuwa na nyimbo na maigizo, na hapana aliyeviita uhuni, kwa sababu vilikuwa shule. Kinachoupa mchezo heshima au kuuvunjia ni neno lililo ndani yake. Tena binti anyamazaye si lazima awe mwenye adabu. Pengine ni Samehe mwingine, aliyebeba jambo asilo na mtu wa kumweleza.

Basi, wasomaji wapenzi, Bibi Lihamba hakuondoka kwenda kutafuta jukwaa kubwa kama alivyofanya mwenziwe wa Adelaide. Alibaki kulijenga jukwaa hapa, akawafundisha wengine kulipanda. Walimu wa shule zetu wanaweza kuanza na kidogo: uwanja, jioni moja, na wanafunzi watakaoulizwa ni jambo gani linalowasumbua. Na sisi wazazi, watakapoonyesha mchezo wao, tuketi tuusikilize mpaka mwisho.