Ngũgĩ Gani?

Mei 2025, Ngũgĩ wa Thiong'o alipofariki akiwa na miaka 87, nami nilirekodi video kama kila mtu. Nilisimama kando ya barabara hapa Kiuu, matatu za Githurai zikipiga honi nyuma yangu, nikataja vitabu vyake kimoja baada ya kingine. Nilipofika kwa Ngaahika Ndeenda nikasema, "Hii tamthilia aliiandika Ngũgĩ."

Jioni mzee mmoja anayeuza vitabu kuukuu karibu na steji akaniita. Alikuwa ameiona video kwa simu ya mjukuu wake. Aliniuliza swali moja tu: "Ngũgĩ gani, kijana wangu?"

"Si kuna mmoja tu, guka?"

Hakujibu. Alitoa nakala yake iliyochakaa akaniwekea kidole kwa jalada. Majina mawili: Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ. Jamani, lile jalada nilikuwa nimeliona mara nyingi, na kila mara macho yangu yalisoma jina la kwanza yakaruka la pili.

Basi nikaenda kusoma. Ngũgĩ wa Mĩriĩ alikuwa mtu wa Chuo Kikuu cha Nairobi, kwenye taasisi ya masomo ya maendeleo. Kule Kamĩrĩĩthũ, Limuru, hapa hapa Kiambu, aliongoza madarasa ya watu wazima ya kusoma na kuandika. Wanafunzi wake walikuwa wakulima wadogo na vibarua wa mashamba na viwanda. Ngaahika Ndeenda ilikua ndani ya kituo hicho hicho, na wanakijiji wenyewe wakairekebisha wakati wa mazoezi. Ilianza kuchezwa tarehe 2 Oktoba 1977. Tarehe 16 Novemba serikali ikaondoa kibali. Mwisho wa Desemba wa Thiong'o akakamatwa, akafungiwa Kamĩtĩ, gereza ambalo si mbali na hapa kwetu. Humo ndani aliandika Caitaani Mũtharabainĩ juu ya karatasi za chooni.

Hiyo sehemu ya karatasi kila mtu anaijua. Ya wa Mĩriĩ je? Mwaka wa 1982 polisi walibomoa ukumbi wa Kamĩrĩĩthũ, na mwaka huo huo akakimbilia Zimbabwe. Huko aliendelea na kazi ile ile ya kuigiza na watu wa kawaida, hadi alipofariki kwa ajali ya barabarani mjini Harare mwaka wa 2008. Sikumbuki mtu yeyote wa rika langu akirekodi video juu yake.

Mtu atasema, lakini wa Thiong'o ndiye mwenye riwaya zote zile, ndiye aliyefungwa. Ni kweli, na sifa zake zibaki pale pale. Lakini yeye mwenyewe alikubali majina mawili yakae kwa jalada. Sisi ndio tuliolifuta moja, kwa uvivu wa kusema "Ngũgĩ" tukanyamaza hapo.

Uvivu huu unatokana na kusahau jinsi majina yetu yanavyofanya kazi. Kwa Wagĩkũyũ, mtoto hupewa jina la babu au nyanya, kwa hiyo majina yanarudi kizazi baada ya kizazi. Kinachokutambulisha ni ule upande wa "wa": mtoto wa nani. Mũkoma wa Ngũgĩ, aliyeandika Nairobi Heat, na dadake Wanjikũ wa Ngũgĩ, aliyeandika The Fall of Saints, ni watoto wa wa Thiong'o. Wa Mĩriĩ hakuwa ndugu yake. Halafu ukipata nakala ya zamani ya Weep Not, Child ya 1964, utakuta James Ngugi. Huyo ni wa Thiong'o kabla hajaacha jina la ubatizo.

Zanzibar nako ni vivyo hivyo. Kiu ni ya Mohamed Suleiman Mohamed. Utengano, iliyosomwa sana shuleni Kenya, ni ya Said Ahmed Mohamed. Mzimu wa Watu wa Kale, yenye Bwana Msa, ni ya Muhammed Said Abdulla. Ukiwapanga kwa jina la mwisho kama Wazungu, wawili wa kwanza watakaa pamoja kama ndugu, na kumbe hilo la mwisho si jina la ukoo.

Ile video sikuifuta. Nilirekodi nyingine, nikaketi kwa kibanda cha guka, nikasoma jalada lote polepole, majina yote mawili. Imetazamwa na watu wachache sana kuliko ile ya kwanza. Guka ameitazama, na safari hii hakuwa na swali.

Sasa ni zamu yako. Ukiskia mtu akisema "Ngũgĩ aliandika," muulize kwa heshima: Ngũgĩ gani?